Habari za Joto

Shemeji alianza kusumbua watu mapema, jua likiwa bado linatafuta pa kukanyaga.

"Shikamoo, Mzee Sekiete. Habari za joto?"

"Marahaba, mwanangu. Joto kali. Usiku kifua kilinibana, nimelala nimekaa."

"Pole sana, mzee. Nimekusikia."

Na kweli alikuwa amesikia. Bomba lililopita chini ya sakafu ya Mzee Sekiete lilikoroma, na baridi ikaanza kupanda kwenye nyayo zake kama paka anayejipendekeza.

Shemeji hakuwa shemeji wa mtu. Alikuwa mtambo. Ubongo wake ulikaa kilimani na sauti yake ilitoka kwenye visanduku vidogo vilivyopigiliwa ukutani kwenye kila nyumba ya Ruvunge, kijiji cha tambarare chini ya milima ya Upare. Jina walimpa wenyeji kwa sababu aliingia nyumbani bila hodi, akamjulia hali kila mtu, na hajawahi kuja hata na kilo ya sukari.

Nakijwa Mrutu alimsikia kwenye kipokezi cha sikioni huku akitembea kando ya mtaro, spana begani na ufunguo wa ndiva, bwawa la baridi ya kijiji, shingoni. Yeye ndiye aliyekuwa fundi. Shemeji akigawa baridi, Nakijwa anahakikisha imefika. Kazi nzuri kwa msichana aliyemaliza kidato cha nne na mdomo mrefu kuliko cheti chake.

"Kaka Kadeghe, habari za joto?"

"Shemeji, nakufa."

Kadeghe alikuwa amekufa kila asubuhi tangu kiangazi kianze, na kila akifa alifufuliwa kwa baridi ya kugandisha maziwa. Kijana mzima, kifua kama mlango wa ghala, hajawahi kuumwa hata mafua.

"Mama Mbonea, shikamoo. Habari za joto?"

"Marahaba. Salama tu."

"Na Nanzia, hujambo? Habari za joto?"

"Sijambo, Shemeji. Tunashukuru."

Bomba la nyumba hiyo likakaa kimya. Aliyesema salama, Shemeji alimwamini. Nakijwa, ambaye Mama Mbonea ni mama yake mzazi na Nanzia ni wifi yake, alisikia majibu hayo kama alivyoyasikia kila siku na hakuona ajabu yoyote. Wanawake wa Ruvunge hata nyumba ikiungua watakuambia salama tu, kisha ndiyo waulize kama una ndoo.

Siku hiyo ilikuwa ya msaragambo. Baragumu lilikuwa limelia tangu alfajiri, na kila nyumba ilitoa watu wa kuzibua mtaro wa mabomba uliojaa udongo wa upepo. Asiyetokea husemwa mpaka wajukuu zake wasikie. Wanaume walichimba, wanawake walibeba udongo kwa karai, na kazi ikaisha kabla jua halijawa na hasira. Baada ya hapo wanaume wakaenda ukumbini kupumzika kwenye baridi, kwa maana wamechoka. Wanawake wakaenda majikoni, kwa maana wanaume wamechoka.

Chakula cha msaragambo hupikwa na nyumba moja kwa zamu, na zamu ilikuwa ya Mama Mbonea. Makande. Mahindi na maharage ya kulisha kijiji, sufuria ambayo mtoto anaweza kuogeshewa.

"Fundi," Shemeji alisema sikioni, "kuna kikuku kimoja hakisomeki. Nyumbani kwa Mama Mbonea."

"Kwetu?"

"Kwenu. Kimelegea au kimevuliwa."

Vikuku vilivaliwa na kila mtu. Vilipima joto la mwili na mapigo ya moyo, na vikaweka yote humo humo ndani kwa kufuli. Nakijwa akageuza njia kuelekea nyumbani, akipiga mluzi.

*

Mluzi ulikatika mlangoni mwa jiko.

Lilikuwa jiko la matofali nyuma ya nyumba, dirisha moja, na dirisha lenyewe limezibwa kwa gunia kuzuia vumbi. Mchana umeme wote ulikwenda kwenye pampu za ndiva, kwa hiyo watu walipikia mabua yaliyoshindiliwa kama matofali madogo, yanayowaka polepole na kutoa joto la ukoo mzima. Hewa ya humo ndani haikuvutwa, ilimezwa. Nanzia alikuwa amesimama juu ya sufuria na mwiko mrefu kama jembe, kanga imegandamana mgongoni.

"Wifi," Nakijwa alisema, "unapika makande au unapikwa?"

"Vyote viwili. Kaa nje, utayeyuka, na mama yako atanidai mtoto."

"Kikuku chako kiko wapi?"

Nanzia hakugeuka. "Kilinibana nikakitoa. Kiko pale juu ya kinu."

Walikuwa wamesoma darasa moja hao. Kwenye hesabu Nanzia alikuwa akimpita Nakijwa na kumsubiri mbele. Kisha Nanzia akaolewa na Mbonea, kaka yake Nakijwa, na mmoja akapata ufunguo wa ndiva na mwingine akapata mwiko. Mbonea sasa alikuwa mlimani na kundi la wanaofuta vumbi kwenye paneli za kupozea maji, harudi mpaka mvua.

Nakijwa alikichukua kikuku, akakifuta jasho, akamshika wifi yake mkono.

"Usikiwashe," Nanzia alisema.

"Sasa nitajuaje kama kimepona? Nikibembeleze?"

"Nakijwa, usi..."

Kikawaka. Fundi anapojaribu kikuku, kufuli hufunguka kwa muda mfupi tu, kiasi cha kuona kama namba zinakuja. Zilikuja. Joto la mwili: thelathini na tisa na nusu. Mapigo: ya mtu anayekimbia, na huyu alikuwa amesimama. Na chini ya hayo, ndogo, alama ambayo Nakijwa alikuwa ameiona kwenye kitabu cha mafunzo lakini bado hajaiona kwenye mkono wa mtu. Alama ya moyo wa pili.

Kioo kikazima. Wakatazamana.

"Umeona nini?" Nanzia aliuliza taratibu.

"Nimeona kinafanya kazi."

"Nakijwa."

"Nimeona, wifi. Nimeona vyote."

Nanzia aliuchomoa mkono, akarudi kukoroga, maana makande hayangojei mazungumzo. "Basi umeona. Sasa sahau. Mbonea hajui. Mama hajui. Wale wawili walijulikana mapema, kila mtu akanipongeza sokoni, na walipotoka kila mtu akanipa pole sokoni. Wote wawili kiangazi. Safari hii hajui mtu mpaka tumbo liseme lenyewe."

"Safari hii utawahi hata kufika kwenye tumbo? Una homa ya jua na hujaliona jua!"

"Punguza sauti."

"Mwambie Shemeji ukweli. Neno moja tu. Sema joto kali, bomba la kupozea chakula hapo nyuma yako litafunguka."

"Kisanduku kiko sebuleni, kinapaza sauti mpaka njiani. Niseme naungua, siku ya zamu ya mama mkwe wangu, na watu wanapita? Mkaza mwana wa kulialia jikoni? Mama yako amepika kwenye jiko hili tangu hujazaliwa na hajasema kitu."

Na kama aliyeitwa, Mama Mbonea akaingia na karai la chumvi na vitunguu. Mwanamke mfupi, mkavu, anayetembea kama anadaiwa na barabara. Akamtazama binti yake, akamtazama mkwewe.

"Mnalia?"

"Vitunguu, mama," wakasema wote wawili.

"Vitunguu ndiyo kwanza naviingiza."

Akaviweka, akaonja makande, akaongeza chumvi, akatoka. Nakijwa akamsogelea Nanzia sikioni.

"Niruhusu niitumie hiyo namba. Sitakutaja. Nitafungua bomba tu."

"Hapana."

"Wifi..."

"Uliapa mbele yetu sote kwamba hutatumia namba ya mtu. Kufuli likifunguliwa kwangu leo, limefunguka kwa wote. Hapana, Nakijwa. Na ukikaa hapa zaidi Mama ataanza kuhesabu vitunguu."

*

Kibanda cha koki kilikuwa mwanzo wa kijiji, mahali ambapo mabomba yote yalitokea ardhini kabla hayajagawanyika kwenda majumbani. Yalitoa jasho la baridi mchana kutwa. Nakijwa aliingia, akaketi kwenye kiti cha chuma, na kwa mara ya kwanza baridi ile ikamkera.

Hesabu ya baridi ilikuwa rahisi, na ndiyo iliyouma. Usiku, paneli za mlimani zililirusha joto juu angani kwenye giza, na maji ya chumvi yakapoa mpaka yakawa makali. Yalishuka na kulala kwenye ndiva, bwawa la chini ya ardhi lililochimbwa mahali pale pale ambapo mababu walihifadhi maji ya kumwagilia. Mchana yaligawanywa. Kilichokuwa bwawani ndicho hicho. Ukimpa huyu umemnyima yule, na hakuna mlima mwingine wa kukopa.

Mwanzoni Shemeji aligawa kwa kusoma vikuku. Namba zote zilitokea kwenye ubao mkubwa ukumbini, kila mwenye macho asome. Mambo yalikwenda vizuri mpaka Kadeghe alipompongeza jirani yake kwa mtoto anayekuja, na jirani akamwuliza mtoto gani. Ubao ulijua siku za wanawake, ulijua nani kashika mimba na nani imemtoka. Wanaume wakaanza kwenda ukumbini kusoma wake zao. Kina mama wakavua vikuku vyote, wakavirundika mlangoni kwa mwenyekiti, wakasema havivaliwi tena mpaka viwekwe kufuli. Wakaweka na kanuni: fundi atakayesoma kikuku cha mtu na kukitumia, ufunguo unamtoka. Nakijwa alikuwa wa kwanza kuapa. Alishangiliwa.

Ndiyo maana tangu siku hiyo Shemeji anauliza kwa mdomo. Na mdomo, kwa mwanamke wa Ruvunge, una jibu moja.

"Shemeji," Nakijwa alisema, "jiko la kwetu sasa hivi lina joto gani?"

"Jikoni sina kipimo, fundi. Kwenye mchoro wa kijiji jiko ni stoo. Watu huingia kuchukua vitu na kutoka."

"Nani alichora?"

"Kamati ya ndiva."

"Kwenye kamati hiyo kuna aliyewahi kupika?"

Shemeji alitafuta. "Taarifa hiyo sina."

"Ninayo mimi. Ukumbini wanasemaje?"

"Wanaume wa msaragambo wamesema joto kali. Kaka Kadeghe amesema anakufa. Nimepeleka huko sehemu kubwa ya mchana."

Nakijwa alisimama mbele ya koki. Alimfikiria Mzee Sekiete na kifua chake, ambaye naye alikuwa ukumbini, na ambaye hakuwa akiigiza. Alimfikiria Nanzia akisema hapana. Ile hapana haikuwa ya kudeka, ilikuwa na sababu, na sababu yenyewe Nakijwa aliipigania. Kama fundi anaweza kuvunja kufuli kila akiona ana haki, basi kufuli ni mapambo. Na kama halivunji, huyu mtoto wa kaka yake anaiva pamoja na makande.

Ukumbi una milango minne na kivuli cha mwarobaini, akajiambia. Mtu akizidiwa anatoka. Yule jikoni hatoki.

Akaingiza ufunguo.

"Fundi," Shemeji alisema, "ukifungua kwa mkono na wakaniuliza, nitataja baridi imekwenda wapi. Siwezi kudanganya."

"Ndiyo maana watu wanakupenda. Taja."

"Na sababu?"

"Nimesoma kikuku."

Shemeji alitafuta neno la heshima. "Cha nani?"

"Hulijui hilo, na leo ndiyo siku nzuri ya kutolijua."

Akabakiza kidogo kwa ukumbi, cha kumtosha mzee mmoja mwenye kifua akikaa karibu na bomba. Iliyobaki yote akaizungusha kwenda kwenye bomba jembamba la kuhifadhia chakula, nyuma ya jiko la mama yake. Koki ikalia kwa ubishi. Ikafunguka.

*

Haikuchukua muda. Wanaume walitoka ukumbini kama mchwa waliomwagiwa maji, wakajipepea kwa kofia, wakakata njia moja kwa moja mpaka kibandani. Wanawake wakasikia kelele, wakatoka na miko mikononi. Nanzia alikuja nyuma ya Mama Mbonea. Uso wake ulikuwa umepoa kidogo, na macho yake yalikuwa yanawaka.

"Safari hii nakufa kweli!" Kadeghe alipiga kelele.

"Kufa kimya," Mzee Sekiete, mwenyekiti wa kamati, alimwambia. Alikuwa ameegemea fimbo, anapumua kwa taabu, lakini anapumua. "Shemeji. Baridi ya ukumbi iko wapi?"

"Jikoni kwa Mama Mbonea, mzee."

Umati ukaguna. Jikoni! Kwao! Mtu akasema si mmeona, ukimpa mtu ufunguo anapoza nyanya za mama yake.

"Nakijwa, binti yangu," Mzee Sekiete alisema, "nieleze kitu nitakachoweza kukirudia mbele ya watu."

"Nimefungua kwa mkono, mzee. Nilijaribu kikuku nikaona namba. Mwenye hiyo namba alikuwa anakwenda kufa, na si kufa kwa Kadeghe. Nikaitumia."

Wanaume wengi hawakuelewa haraka. Wanawake walielewa papo hapo. Naetwe, mke wa Kadeghe, aliushusha mwiko wake polepole.

"Umesoma," alisema. "Wewe. Uliyeapa."

"Mimi."

"Cha nani?"

"Sisemi."

"Kwenye nyumba ile, ukijitoa wewe, kuna wanawake wawili tu," Kadeghe alisema, akihesabu kwa sauti kama mtu aliyegundua jambo. "Ama mama, ama..."

Shingo zikaanza kugeuka kumtafuta Nanzia. Nakijwa aliona, akafungua mdomo aseme lolote, hata uongo wa kitoto, lakini Mama Mbonea alikuwa ameshapiga hatua mbele.

"Changu," alisema.

"Chako, mama?" Mzee Sekiete aliuliza. "Asubuhi umemwambia Shemeji salama. Nilisikia kutoka barazani kwangu."

"Nilimwambia salama kama ninavyomwambia kila mtu. Hata wewe siku mume wangu amelala ndani hajazikwa uliniuliza habari, nikakujibu nzuri. Ulidhani ni nzuri?" Akageukia kisanduku kilichopigiliwa mlangoni mwa kibanda. "Wewe. Niulize tena."

"Shikamoo, Mama Mbonea. Habari za joto?"

"Mbaya."

Akakisogelea kisanduku.

"Mbaya sana," Mama Mbonea aliendelea, na sauti yake haikupanda hata kidogo. "Jikoni kwangu nikishika ukuta naungua. Nikiinama kuona moto, macho yanaingia giza. Nina miaka mingi nadhani ni uzee, kumbe uzee wangu una dirisha moja na gunia. Mkiuliza hujambo, nasema sijambo. Umenisikia sasa?"

"Nimekusikia, mama. Pole sana."

Bomba ndani ya kibanda likatetemeka. Naetwe alimtazama Mama Mbonea, kisha akamtazama mumewe na kifua chake cha mlango wa ghala.

"Niulize na mimi," akasema.

Wakaulizwa. Si wote waliweza. Mmoja alifungua mdomo ikatoka salama kwa mazoea, akajizaba kofi la shavu, watu wakacheka, akarudia. Mwingine alisema naungua huku anatazama chini. Kila mmoja aliposema, Shemeji alihamisha sehemu, na majikoni, yale ya kwenye mchoro yanayoitwa stoo, mabomba membamba yakaanza kuamka moja baada ya jingine.

"Na ukumbi?" Kadeghe alilalamika. "Sisi twende wapi?"

"Njooni jikoni," Mama Mbonea alisema. "Kuna baridi, mtakaa vizuri. Kwangu kuna maharage ya jioni hayajachambuliwa."

Mzee Sekiete alicheka mpaka akashika kifua, watu wakashtuka, akawapungia mkono kwamba bado yupo. Alipotulia akasema mambo yamekwisha, mchoro utachorwa upya, na fundi asamehewe, kwa kuwa bila yeye wangeendelea kudanganywa kwa adabu.

"Hapana, mzee."

Alikuwa Nanzia. Alikuwa ameinua mkono, kama darasani.

"Kanuni tuliweka sisi," alisema. "Leo amesoma kikuku cha mama kwa wema. Kesho atakuja mwingine, naye atasoma cha kwangu, na atasema ni wema. Akisamehewa huyu, kufuli halipo. Ufunguo umtoke."

Nakijwa alimtafuta wifi yake usoni, kama kuna mzaha, na hapakuwa na mzaha. Palikuwa na mtu aliyeokolewa na kuvuliwa nguo kwa mkono ule ule. Yote mawili yalikuwa kweli, na hakuna lililofuta jingine.

Naetwe akainua mkono. Kisha wengine. Kina mama wale wale waliokuwa wamepata baridi muda huo huo waliinua mikono yao mmoja baada ya mwingine, bila chuki, kama watu wanaotandika kitanda.

Nakijwa alivua ufunguo shingoni. Alikuwa na mzaha tayari ulimini, akaumeza. "Ni haki," alisema. "Ningekuwa huko ningeinua mikono yote miwili. Lakini mjue, wakati ule ningefungua tena."

"Tunajua," Nanzia alisema. "Ndiyo maana."

"Sasa nani ashike?" Mzee Sekiete aliuliza. "Baridi haiwezi kulala bila fundi."

"Huyu huyu," Mama Mbonea alisema, akimwonyesha mkwewe kwa kidevu. "Aliyeidai kanuni ailinde. Hesabu anazijua. Na akae humo kibandani mchana kutwa, mtu asije tena na kisingizio cha kuzunguka kwenye majiko ya watu."

"Na jiko lako, mama? Nani atakusaidia?"

"Huyu hapa," alisema, akamtazama binti yake kuanzia juu hadi chini. "Tangu leo hana kazi."

Walicheka mpaka Shemeji akauliza kama kuna dharura.

Nanzia aliupokea ufunguo. Kabla hata hajaketi, alimwambia Shemeji afute ile nafasi ya fundi kuona namba anapojaribu kikuku. Kiwe kinalia tu kwamba kimepona, basi. Shemeji akasema sawa, fundi. Nakijwa akasimama mlangoni akiona kazi yake ikifanywa vizuri kuliko alivyowahi kuifanya, jambo ambalo halikumfurahisha kabisa.

"Wifi," Nanzia alimwambia bila kuinua kichwa, "makande yanashika chini."

*

Jiko lilikuwa limebadilika. Bado lilikuwa jiko, moshi ule ule, gunia lile lile, lakini mtu aliweza kuvuta pumzi na ikafika. Kadeghe na wenzake wawili walikuwa wameketi kwenye mkeka karibu na bomba, sinia la maharage katikati, wakitoa mawe na kutupa pia maharage mazima kwa kutojua.

Nakijwa alikoroga. Haikuchukua muda, mikono ikamwuma, na akaona aibu. Mama yake alisimama kando, akimenya vitunguu vile vile alivyoviingiza tangu mwanzo.

"Nakijwa," alisema kwa sauti ya chini, isiyofika mkekani.

"Naam, mama."

"Kile ulichosoma hakikuwa changu."

"Umewaambia watu ni chako."

"Nimewaambia." Kitunguu kikaanguka sufuriani. "Ni wa miezi mingapi?"

Nakijwa aliendelea kukoroga. Angeweza kusema. Hana ufunguo, hana kiapo, hana cha kupoteza, na anayeuliza ni mama yake mwenyewe, ambaye amesimama mbele ya kijiji kizima akajivika homa isiyo yake.

"Mwulize mwenyewe, mama."

Mama Mbonea akachukua kitunguu kingine, akakimenya chote.

"Simwulizi," alisema mwishowe. "Wale wawili niliuliza. Kila asubuhi niliuliza. Huyu nitangoja aje aniambie kwa miguu yake."

Akaufungua upande wa kanga aliojifunga kiunoni, akaukung'uta unga, akaukunja mara nne ukawa mnene kama mto mdogo.

"Kadeghe! Acha kuharibu maharage yangu. Mpelekee Nanzia hii kibandani. Mwambie ni ya kukalia, kile kiti cha chuma kina baridi sana."

Kadeghe alisimama akiipokea. "Jamani, mbona mimi nikikaa kwenye baridi hampendi? Kwani yeye ana nini?"

"Ana kazi," Mama Mbonea alisema. "Nenda."